Mgeni aonje, mpishi afungwe?

Katika nchi zinazolima mizabibu, safari ya siku moja ya kuzuru mashamba ya mvinyo ni biashara kongwe. Mgeni huchukuliwa asubuhi na kukabidhiwa kiongozi anayeijua historia ya mahali. Huonyeshwa shamba, mapipa na ghala, huelezwa jinsi tunda linavyogeuka kinywaji, huonja kidogo, hununua chupa moja au mbili, na jioni hurejea alikotoka. Mji wa Saint-Émilion nchini Ufaransa na mashamba yake ya mizabibu uliingizwa katika orodha ya urithi wa dunia mwaka 1999. Desturi ya Wageorgia ya kuchachushia mvinyo ndani ya mitungi ya udongo iliyozikwa ardhini ilitambuliwa na UNESCO mwaka 2013. Katika bara letu, wakulima wa Stellenbosch huko Afrika Kusini waliianzisha njia yao ya mvinyo mwaka 1971, na tangu hapo wenye mashamba wa sehemu nyingine wameiga mfano huo.

Wako wanaouliza, na swali lao ni la haki, kwa nini sisi tusifanye vivyo hivyo. Tangu serikali za kaunti zilipoanza kazi mwaka 2013, kila kaunti imekuwa ikitafuta kivutio cha kumleta mgeni na kumbakiza angalau siku moja. Kisii na Nyamira hazina simba wala tembo. Hazina pwani. Zilicho nacho ni milima ya kijani, mvua ya kutosha, chai, ndizi, mawe ya sabuni ya Tabaka, na kinywaji ambacho mababu wa Abagusii walikiita amarwa, yaani pombe ya nafaka ya wimbi. Je, hii si nchi ya mvinyo kwa namna yake?

Makala haya yanakubali kwamba ni nchi ya mvinyo. Hata hivyo, kabla ya kuchapisha vipeperushi na kuwaalika wageni, liko jambo ambalo hatuna budi kulikabili bila kuoneana haya. Kinywaji tunachotaka kumwonyesha mgeni kwa fahari ndicho hicho ambacho mama wa kijijini humwagiwa na askari, naye akapelekwa kituoni. Haiwezekani kitu kimoja kiwe urithi wa jamii saa nne asubuhi mbele ya mtalii, na kiwe kielelezo cha mashtaka saa nne usiku nyumbani kwa mjane.

Hebu kwanza tuitazame safari yenyewe jinsi ambavyo ingeweza kuwa. Tuseme gari linaondoka mjini Kisii saa mbili asubuhi. Kituo cha kwanza ni Tabaka, upande wa Mugirango Kusini, ambako jiwe la sabuni huchimbwa kwa mikono na kuchongwa na familia nzima nzima. Ni katika sanaa ya huko alikokulia Elkana Ong'esa, mchongaji ambaye sanamu yake ya ndege imesimama katika makao makuu ya UNESCO mjini Paris. Kutoka hapo gari linarudi kaskazini na kupanda hadi ukingo wa Manga, jabali refu ambalo juu yake mtu huuona mji wa Kisii chini yake na nchi ikiteremka kuelekea Ziwa Viktoria. Huko mwenyeji humwonyesha mgeni Ngoro ya Mwaga, pango lililobeba simulizi nyingi za wazee.

Kisha gari linaingia Nyamira, katika mashamba ya chai ya Kebirigo, Sanganyi au Tombe, ambako viwanda vya wakulima wadogo husindika majani yanayochumwa katika mashamba yasiyozidi ukubwa wa uwanja wa shule. Mgeni huona majani yakinyaushwa, yakisagwa, yakiachwa yabadilike rangi, na kukaushwa. Mwishowe, mchana ukianza kupungua, wageni wanafika katika boma la mkulima ambako mtungi umewekwa katikati na mirija mirefu imechovywa ndani yake, na mzee anaanza kueleza.

Mzee huyo ana mengi ya kueleza. Amarwa hayakuwa kinywaji cha kujilevya tu. Kinywaji hicho kilikuwa sehemu ya taratibu za ndoa, matambiko na mapatano. Wazee waliketi kuuzunguka mtungi mmoja, kila mmoja na mrija wake, na hapo mambo ya mipaka ya mashamba, mahari na ugomvi wa ndugu yalizungumzwa. Zaidi ya hayo, pombe ilikuwa mhimili wa kazi. Abagusii walikuwa na utaratibu ulioitwa risaga, ambapo majirani walikusanyika kulima, kupalilia au kuvuna shamba la mmoja wao, na mwenye shamba akawakirimu kwa chakula na amarwa. Wataalamu waliochunguza maisha ya Gusii katikati ya karne ya 20, miongoni mwao Philip Mayer na Robert LeVine, waliandika kuhusu kazi hizo za pamoja. Hivyo wimbi uliopandwa kwa jasho la wengi ulirudi kwa wengi ndani ya mtungi.

Upikaji wenyewe ni maarifa ambayo hayapaswi kudharauliwa na mtu aliyekwenda shule. Katika busaa ya siku hizi, unga, ambao mara nyingi huwa wa mahindi, hukandwa kwa maji na kuachwa uchachuke kwa siku kadhaa. Kisha hukaangwa juu ya bati au karai kubwa mpaka ubadilike rangi, ndipo hutiwa maji na kuchanganywa na kimea, yaani mbegu za wimbi zilizoloweshwa, zikachipuka, zikakaushwa na kusagwa. Kimea ndicho kinachogeuza wanga kuwa sukari, na hamira asilia ndiyo inayogeuza sukari kuwa kileo. Mama anayeijua kazi hii hana kipimajoto wala maabara, lakini anajua kwa harufu na kwa mguso wa kiganja ni lini hatua moja imekwisha na nyingine ianze. Kinywaji kinachotoka ni kizito kama uji mwepesi, kina uchachu, na nguvu yake haipishani sana na ya bia ya kiwandani.

Ilikuwaje basi kinywaji kama hicho kikafikia kunywewa mafichoni? Sababu ni nne, nazo zimefungamana.

Ya kwanza ni imani. Wamishonari wa Kikatoliki na wa Kiadventista walifika Gusii mwanzoni mwa karne ya 20, na kanisa la Waadventista Wasabato, ambalo lina waumini wengi mno katika kaunti hizi mbili, linafundisha kujiepusha kabisa na vileo. Huo ni msimamo wa dhamiri na unastahili heshima. Ziko familia nyingi zilizoelimisha watoto wao kwa fedha ambazo vinginevyo zingeishia mtungini.

Ya pili ni ardhi. Katika hesabu ya watu ya mwaka 2019, Kaunti ya Kisii ilikuwa na watu 1,266,860 na Nyamira ilikuwa na watu 605,576. Kisii ina zaidi ya watu 900 katika kila kilomita moja ya mraba. Shamba lililomlisha babu limegawanywa mara tatu au nne, na katika kipande kilichobaki, chai, mahindi na mikaratusi vimeusukuma wimbi pembeni. Nchi ya mvinyo ya Ufaransa humwonyesha mgeni mizabibu pande zote. Sisi tukimwita mgeni leo, atauona mtungi, lakini wimbi wenyewe itabidi tumtafutie.

Ya tatu ni chang'aa. Pombe ya nafaka ikikenekwa motoni, mvuke wake ukanaswa na kupozwa, hutoka maji makali ambayo nguvu yake huizidi busaa mara nyingi. Chang'aa haihitaji mtungi wa pamoja wala mzee wa kuongoza. Hunywewa kwa gilasi, haraka, na kwa fedha taslimu. Mahali pa karamu pakawa mahali pa biashara, na mahali pa kiasi pakawa mahali pa ulevi.

Ya nne ni sheria. Mwaka 1980 Bunge lilipitisha sheria ya kupiga marufuku chang'aa, na katika miaka iliyofuata machifu na polisi hawakujali sana tofauti kati ya chang'aa na busaa. Zote zilimwagwa, na aliyezipika akatozwa faini au akatozwa kitu kisicho na risiti. Mwaka 2010 ilikuja Sheria ya Kudhibiti Vileo, ambayo wananchi waliizoea kwa jina la Mututho, mbunge aliyeisukuma. Sheria hiyo iliifuta marufuku ya mwaka 1980. Chang'aa ikawa halali, mradi tu itengenezwe kwa leseni na iwekwe katika chupa. Ilidhaniwa kwamba wapika pombe wa vijijini wangetoka mafichoni.

Hawakutoka, na sababu si ukaidi. Sheria iliandikwa kwa kumfikiria mwenye kiwanda. Iliweka masharti ya leseni, vipimo vya ubora, ufungaji na majengo ambayo kampuni yenye mtaji huyamudu, lakini mama mwenye mitungi mitatu jikoni hayawezi. Yeye aliachwa palepale alipokuwa, akiitwa mama pima, akimlaki chifu kwa hofu na kumuaga kwa noti.

Hapa ndipo walimu wanaosoma ukurasa huu wanaponielewa zaidi kuliko wengine. Wanamjua mwanafunzi anayelipiwa karo kwa fedha za mtungi. Wanajua ni kwa nini Jumatatu fulani hakufika darasani, au alifika macho yamemvimba kwa kutolala. Wanawajua pia wengine, ambao baba zao humaliza mshahara wa chai katika kibanda hicho hicho. Pombe imewasomesha baadhi ya watoto wetu na imewanyima wengine sare. Anayetaja upande mmoja tu wa habari hii hajafanya haki.

Sasa turudi kwenye utalii. Watu wengi hawajatambua kwamba Katiba ya mwaka 2010, katika Jedwali la Nne, imezikabidhi serikali za kaunti kazi mbili zinazokutana hapa hapa. Utalii wa humo nchini ni kazi ya kaunti. Utoaji wa leseni za vileo nao ni kazi ya kaunti. Tena Kifungu cha 11 kinautaja utamaduni kuwa msingi wa taifa, na mwaka 2016 Bunge lilitunga sheria ya kulinda maarifa ya jadi ili jamii isinyang'anywe ilichokibuni. Kwa hiyo kaunti ambayo inataka kuwaonyesha wageni amarwa haiwezi kusingizia Nairobi kwa kila kitu. Funguo mbili zimo mkononi mwake: wa kumfungulia mgeni lango, na wa kumtoa mpishi mafichoni. Ikiutumia wa kwanza na kuuficha wa pili, itakuwa imeamua kwa hiari yake kufanya dhuluma.

Tuchukue mfano mmoja ulio mdogo lakini unaofundisha. Sheria ya mwaka 2010 iliagiza kwamba baa za kawaida ziuze vileo kuanzia saa kumi na moja jioni hadi saa tano usiku siku za kazi, na kuanzia saa nane mchana mwishoni mwa juma na siku za mapumziko. Ilikusudia, na kwa sababu njema, kuwazuia watu kushinda vilabuni badala ya kazini. Lakini mgeni wa safari ya siku moja huwa katika boma la mwenyeji saa nane au saa tisa, na saa kumi na moja yumo garini anarejea. Maana yake ni kwamba, kwa masharti hayo ya baa, siku ya Jumatano angeondoka wakati ule hasa ambapo ingekuwa halali kumuuzia. Hapana budi aina mpya ya leseni ibuniwe: leseni ya onyesho, yenye kiasi kidogo kinachopimwa, kwa watu wazima waliojiandikisha, mahali panapojulikana, mchana, bila ruhusa ya kugeuzwa klabu ya kijiji usiku.

Si lazima tuende Ulaya kujifunza. Jirani zetu wa Moshi nchini Tanzania wameifanya kazi hii kwa miaka mingi. Kwenye miteremko ya Kilimanjaro, katika vijiji kama Materuni na Marangu, mgeni hutembezwa kwa siku moja. Huona maporomoko ya maji, hukaanga na kutwanga kahawa pamoja na wenyeji, na huonjeshwa mbege, pombe ya Wachaga ambayo hupikwa kwa ndizi mbivu na kimea cha ulezi. Ulezi wa Watanzania ndio wimbi wetu. Nasi tuna ndizi zinazojaza magari kila siku kwenda masoko ya Nairobi. Kwa hiyo malighafi si kikwazo kikubwa. Kikwazo ni kwamba mwenyeji wa Gusii akimwita mgeni kuonja, hana hakika ni nani mwingine atakayebisha hodi.

Lakini tukitazama mifano ya wenzetu, tutazame yote. Stellenbosch ambayo watalii huisifu ina historia ambayo haiandikwi kwenye chupa. Kwa vizazi kadhaa, wafanyakazi wa mashamba ya mvinyo ya Rasi walilipwa sehemu ya ujira wao kwa mvinyo wa bei rahisi, mtindo uliojulikana kwa jina la dop. Matokeo yake yangaliko. Jimbo hilo limerekodi viwango vilivyo miongoni mwa vya juu kabisa duniani vya watoto waliozaliwa na kasoro kwa sababu mama zao walikunywa pombe wakati wa ujauzito. Mtu akiutazama ujira huo juu juu anaweza kuufananisha na risaga, lakini havifanani. Katika risaga jirani alimfanyia jirani kazi leo ili kesho naye afanyiwe. Katika dop tajiri alimlipa maskini kwa kitu cha kumfanya asiondoke. Utalii wetu nao unaweza kuangukia upande wowote kati ya hizo mbili, kutegemea nani anashika fedha.

Na hapo Tabaka inatupa onyo la nyumbani. Jiwe la sabuni limefika katika maduka ya dunia nzima, na jina la Kisii limeandikwa chini ya vinyago visivyohesabika. Hata hivyo mchongaji mwenyewe, pamoja na mkewe na watoto wanaosugua jiwe kwa msasa, hupata sehemu ndogo mno ya bei ambayo mnunuzi wa mwisho hulipa. Aliyenona ni mtu wa kati. Kama safari ya kwenda kwenye mtungi itaendeshwa na kampuni ya mjini, ikamlipa mwenye boma kiasi cha nauli ya pikipiki na kujibakizia kilichosalia, basi tutakuwa tumewageuza wazee wetu kuwa mapambo ya kupigwa picha.

Linganisha na chai. Kabla ya uhuru Mwafrika alizuiwa au kubanwa sana asiilime. Mwaka 1964 iliundwa mamlaka ya kustawisha chai ya wakulima wadogo, ikawapa miche, maafisa wa kilimo, vituo vya kununulia na viwanda. Malalamiko kuhusu bonasi hayajawahi kwisha, na mengi ni ya kweli, lakini mkulima wa Nyamira anatambulika. Ana nambari, ana mzani, ana kikao cha kupazia sauti. Chai ilipewa kiwanda na chama, amarwa yakapewa rungu. Hakuna kilichoandikwa mbinguni kwamba mmea mmoja uheshimiwe na mwingine ukimbizwe. Ni watu walioamua, na watu wanaweza kuamua tena.

Najua wako watakaopinga kwa nguvu, na hoja zao hazipaswi kupuuzwa. Watasema kwamba vijana wetu wanaangamia kwa pombe, na kwamba huu si wakati wa kuipamba. Nani asiyekumbuka Novemba 2000, wakati pombe iliyotiwa sumu mjini Nairobi ilipoua zaidi ya watu 100? Nani hakusikia habari za Mei 2014, au za Kirinyaga mnamo Februari 2024 ambako zaidi ya watu 10 walikufa? Julai 2025 serikali ilizindua sera mpya kuhusu vileo na dawa za kulevya, iliyopendekeza umri wa kuruhusiwa kunywa upandishwe kutoka miaka 18 hadi 21. Hofu ya wazazi si ya kubuni.

Lakini tuulize ni nini kiliua. Vifo vya halaiki vya namna hii kwa kawaida husababishwa na methanoli, kemikali ya viwandani ambayo mfanyabiashara asiye na utu huichanganya na kinywaji ili kikaze haraka na kimpe faida kubwa. Unga na kimea vikichachushwa kwa njia ya kawaida havitoi methanoli ya kiasi cha kupofusha na kuua kijiji. Marufuku iliyochanganya busaa, chang'aa na sumu katika kapu moja ilimfukuza mpishi mwaminifu na kumwachia uwanja mchanganya sumu, kwa kuwa mafichoni hakuna anayepima. Mtungi ulio wazi, unaopimwa na afisa wa afya na kufahamika kwa jirani, ni salama kuliko jerikeni ya usiku.

Wengine watauliza juu ya dini. Safari ya aina hii haimlazimishi mtu kunywa. Mwadventista anaweza kumwongoza mgeni Tabaka na Manga, akamweleza historia ya risaga, na kumkaribisha uji wa wimbi badala ya amarwa. Tena mlango huo utakuwa wa lazima kwa wageni Waislamu na kwa kila asiyetumia kileo. Nchi ya mvinyo haipimwi kwa wingi wa walevi wake. Hupimwa kwa ujuzi, adabu na kiasi cha wenyeji wake.

Hoja ya tatu ni ya wahenga: mgema akisifiwa tembo hulitia maji. Sifa za mtalii zinaweza kumharibu mpishi. Wageni wakizidi, siku saba za kuchachusha zitafupishwa kuwa tatu, wimbi utabadilishwa kwa sukari na hamira ya dukani, na mzee atajifunza kusema maneno yale yale manne kwa Kiingereza kila siku. Dawa yake ni kuwa na idadi ndogo ya wageni, na chama cha ushirika cha wapishi wenyewe, wengi wao wakiwa wanawake, kitakachoweka kanuni za upishi, kupanga zamu za maboma na kugawa mapato mbele ya wote. Vyama vya ushirika navyo, kwa Jedwali lile lile la Nne, ni kazi ya kaunti.

Fauka ya hayo, ushirika huo ungehitaji wimbi. Kila ekari ndogo itakayorudishiwa wimbi ni chakula kwanza na kinywaji baadaye, kwani uji wake ndio uliowalea Abagusii kabla ya mkate na chai. Mkulima asiye na mtungi naye atapata soko. Hapo safari ya mgeni itamgusa hata yule ambaye hatamwona.

Nimewaachia walimu neno la mwisho kwa makusudi. Sheria hairuhusu mtu wa chini ya miaka 18 kuuziwa kileo, na inakataza mahali pa kuuzia kileo pawe karibu na shule kuliko mita 300. Haya yabaki hivyo, na pasiwe na mzaha. Hata hivyo, mwanafunzi anaweza kufanya safari hiyo hiyo na kurudi na elimu kubwa bila tone kugusa ulimi wake. Kiwandani Kebirigo ataambiwa kwamba majani ya chai yanachachushwa, na mwalimu wa sayansi atamwonyesha kwamba hapo hakuna uchachu hasa, ila ni hewa inayoyabadilisha majani. Uchachu wa kweli atausoma katika kimea cha mama. Mwalimu wa kemia atamfafanulia kwamba methanoli huchemka kwenye nyuzi 65 za selsiasi na ethanoli kwenye nyuzi 78, na hapo kijana atafahamu kwa nini mtambo wa mafichoni hauaminiki. Mwalimu wa historia atamsimulia risaga. Mwalimu wa Kiswahili atamkumbusha kwamba lugha yetu ina maneno ya kazi hii, kimea, kukeneka, kugema, ambayo yatapotea pamoja na wanaoyatumia. Na mwalimu wa uraia atamuuliza swali gumu kupita yote: kwa nini jambo moja huitwa urithi likifanywa na mwenye hoteli, na huitwa uhalifu likifanywa na maskini?

Watu husema mgeni njoo, mwenyeji apone. Maana yake ni kwamba kufika kwa mgeni kunapaswa kumwacha mwenyeji katika hali bora kuliko alivyokuwa. Basi serikali za Kisii na Nyamira, kabla ya kuweka hata bango moja barabarani kuwaita watalii, na ziwaite kwanza wale mama wanaopika. Ziwaulize wanahitaji nini ili wapike mchana, wapimwe, walipe kodi ndogo wanayoimudu, na walale usingizi. Wakipata jibu na kulitekeleza, gari la wageni lipande Manga na lishuke Nyamira kwa amani. Wakishindwa, afadhali tumwambie mgeni ukweli: kwamba tunayo nchi ya mvinyo, lakini wenye kuujua mvinyo huo tumewaweka korokoroni.